Mtoto Kainamisha Kichwa, Ningemwachaje?

Jamani wenzangu wa kikundi, leo aibu imenikuta mchana kweupe. Tena nimekaa zangu kwenye stuli, sijamtukana mtu, sijagombana na mtu.

Mimi kuandika sijui, mnajua. Naongea na simu, yenyewe inaandika. Ikiandika vibaya igombezeni simu, mimi leo nimeshagombezwa vya kutosha.

Mnamjua Nasieku, mjukuu wangu, yule mrefu, mtoto wa Lomayani. Kapata kazi kwenye duka la Mama Glori huko mjini, ghorofani. Lakini ilikuwa kazi ya kujaribiwa. Mama Glori anaongea haraka kama maziwa yanayotaka kumwagika jikoni. Siku Nasieku anaanza alimwambia hivi: "Mwanangu-mimi-sina-maneno-mengi-nakuangalia-mpaka-mwisho-wa-mwezi-ukiuza-vizuri-unabaki-ukiniharibia-jina-unarudi-kwa-bibi-yako-tumeelewana?" Hata pumzi hakuvuta.

Na mwisho wa mwezi ndiyo leo. Mtoto hakulala. Na mimi sikulala, maana tunalala chumba kimoja, na yeye akiwaza anageuka kama mahindi kwenye mkaa.

Sasa duka lenyewe. Haliuzi sukari, haliuzi kanga. Linauza sanamu. Sanamu za watu wa kwenye zile katuni za Kijapani. Nasieku akisikia nasema katuni ananikata hapo hapo, anabana pua: "Koko, siyo katuni. Ni anime." Haya, anime. Basi ni watu wa kwenye anime, wamefinyangwa vizuri, urefu kama kuku aliyesimama, macho makubwa ya ndama, nywele za rangi ambazo Mungu hakumgawia mtu. Na hawachezewi! Mtu mzima ananunua, anapeleka nyumbani, anamweka kwenye kabati la kioo, anakaa chini, anamwangalia. Basi. Ndiyo kazi yake. (Baba yangu alikuwa anaangalia ng'ombe wake hivyo hivyo jioni. Simcheki mtu.)

Mchana nikambebea Nasieku loshoro kwenye kikapu. Mahindi yangu ya kukoboa, maziwa yangu yaliyoganda vizuri. Nikasema mtoto akishiba hatatetemeka. Nikatoka zangu Elerai, nikafika, nikapanda ngazi. Pale chini ya ngazi yupo Mzee Kivuyo, fundi viatu, tunajuana tangu ana meno yote. Tukasalimiana, nikapita.

Ndani nikamkuta Nasieku kavaa ile sauti ya dukani. Nyumbani huyu mtoto anaongea kama anaita mbuzi. Dukani sasa: "Kaaribu sana mteja weetu, jisikie upo nyumbaani." Nikageuka nyuma nione nani kaongea. Kumbe ni yeye!

Akaniona, akaja, akainamisha kichwa. Nikakigusa. "Takwenya," nikasema. "Iko," akaitikia. Salamu imeisha, moyo umetulia.

Palikuwa na mteja mmoja tu. Mtu mzima kabisa, ndevu kamili, tai shingoni, mkono kama mchi wa kutwangia. Ni dokta wa mifugo, kwao Oldonyo Sambu. Anatoa ndama tumboni mwa ng'ombe kwa mkono huo, lakini sanamu kaishika kwa vidole viwili kama yai la njiwa. Akaniona na yeye akainamisha kichwa, pamoja na tai yake. Nikakigusa. (Kalelewa vizuri. Nikampenda.)

Nasieku akaniweka kwenye stuli pembeni, akaniinamia sikioni, sauti ya kuita mbuzi imerudi: "Koko, nakuomba. Huyu Dokta wenzake wote wanaokusanya hizi sanamu wanamsikiliza yeye. Akisema duka zuri, wanakuja. Akisema baya, tumekwisha. Mama Glori yuko njiani anakuja kunipa jibu langu. Kaa hapa. Usiguse kitu."

"Sigusi."

"Koko."

"Nimesema sigusi! Mimi mtoto?"

Nikakaa. Dokta alikuwa na shida moja. Mezani kuna sanamu mbili, anataka moja. Alikuwa anachagua tangu asubuhi. Mwili mkubwa, lakini sauti nyembamba, taratibu, kama anaogopa kumwamsha mtoto: "Yaani... huyu... lakini na huyu... Dada Nasieku, mke wangu kasema moja tu. Nikileta mbili, kasema nikalale nao sebuleni."

Nikawaangalia hao wawili. Wa kwanza ni msichana wa nywele nyekundu. Kaweka mguu juu ya jiwe, joho linapepea nyuma, mapanga mawili hewani, mdomo wazi mpaka unaona kimio. Wa pili ni msichana wa nywele za bluu. Kapiga magoti, gauni mpaka chini, upanga kaulaza mbele yake, mikono mapajani, kichwa kakiinamisha.

Dokta akanigeukia. "Koko, wewe ungechukua yupi?"

Nasieku akanikazia macho. Lakini kaniuliza mteja, siyo mimi niliyeanza! Nikasogeza stuli. Nikawakagua kama nachagua mkwe.

"Huyu mwekundu," nikasema, "ukimleta nyumbani hakuna atakayelala. Tangu nimefika hajafumba mdomo. Na hilo kaptula ndilo nini? Baridi ya hapa chini ya mlima Meru mwezi wa saba itamuua."

"Ni shujaa, koko," Dokta akasema polepole. "Anapiga kelele ya vita."

"Vita na nani? Mbona yuko peke yake? Sasa huyu wa bluu. Ona. Kanyamaza, kajifunika, kainama. Ana adabu huyu. Huyu ukimtuma maji anakwenda."

Dokta akacheka, akazishika ndevu zake. "Ngoja nimpigie mke wangu, nimweleze hivyo hivyo. Humu ndani mtandao haukamati." Akatoka kwenye ngazi. "Na boksi zao naomba nizione, Dada Nasieku. Kona zikiwa zimebonyea mimi sinunui."

Nasieku akaingia stoo kutafuta boksi. Namsikia huko ndani anahamisha vitu, anapiga chafya.

Nikabaki mimi na wale wawili.

Yule mwekundu ananipigia kelele bila sauti, nikampuuza. Yule wa bluu yuko mbele yangu kabisa, kapiga magoti, kichwa chini. Anangoja.

Ninyi tuliokulia pamoja mnaelewa. Mtoto akiinamisha kichwa mbele ya mtu mzima, anangoja mkono. Usipomgusa umemnyima salamu, na yeye hawezi kuinuka kabla yako, anabaki pale kama mbuzi anayekunywa maji. Nimegusa vichwa vya watoto maisha yangu yote. Vya wangu, vya jirani, vya watu wenye ndevu na tai. Mkono wangu siku hizi hauniulizi. Unakwenda wenyewe.

Ukaenda.

"Takwenya, mwanangu," nikasema.

Akaitikia: tek.

Kichwa kikabaki mkononi mwangu.

Engai, Mungu wangu! Nikakiangalia, na chenyewe kinaniangalia. Kizuri, kimetulia, nywele za bluu zinateleza. Na mwili uko mezani umepiga magoti vile vile, heshima yote ipo, kichwa hakuna.

Kutoka stoo: "Koko! Hugusi kitu?"

"Sigusi!" (Kichwa kiko mkononi. Mungu anisamehe.)

Nikawaza upesi. Mtoto kazi yake leo. Mteja mkubwa nje. Mama Glori njiani. Na mimi nimechinja mtoto wa watu. Nikatoa bakuli la loshoro kwenye kikapu, nikamweka msichana ndani, nikamfunika na kanga, kichwa nikakishika ngumi. Nikatoka taratibu kama mtu anayekwenda kujisaidia.

Kwenye ngazi, Dokta huyo hapo na simu: "Ndiyo mke wangu... moja tu... hapana, siyo wa kaptula. Kajifunika mpaka chini... Koko mmoja hapa kasema ana adabu." Akaniona, akainamisha kichwa nipite. Na mimi mkono mmoja kikapu, mkono mwingine kichwa cha huyo huyo mwenye adabu. Kwa mara ya kwanza leo nikamwacha mtu ameinama. Sijui aliinuka saa ngapi.

Nikamfikia Mzee Kivuyo. Huyu sauti yake imekwama kooni kama gari la mkaa kwenye mlima. Nikamwambia, "Nisaidie, na usiulize."

Akauliza. "Nani huyu?"

"Mtoto wa watu."

"Kamkata nani?"

"Nilimsalimia."

"Ulimsalimia na panga?"

"Kivuyo! Tia gundi!"

Akavaa miwani. Akamgeuza, akachungulia shingo. Akachungulia kichwa. Polepole! Kama ananunua beberu mnadani. "Mama Lomayani, hapa shingoni kuna kijipini. Na hapa kichwani kuna kitundu. Mimi naona kama hii kitu imetengenezwa itoke."

"Kichwa kitengenezwe kitoke? Umeona wapi? Wewe chako kinatoka?"

"Mimi nasema tu ninachokiona..."

"Wewe ni fundi viatu, umejuaje mambo ya vichwa? Tia gundi, tena ile kali!"

Akatia ile kali. Ile ya soli za buti. Akapachika, akabana kwa vidole, akapuliza. "Haya. Huyu sasa hata akivutwa na ng'ombe wawili." Ila nikaona kichwa kimekaa juu kidogo kuliko mwanzo, kimegeukia pembeni. Zamani alikuwa kainama kwa heshima. Sasa kainama kama mtu anayesikiliza majirani wanamsema nani.

Lakini kichwa si kipo? Kipo. Nikapanda. Nasieku bado anapiga chafya stoo. Nikamweka mezani pale pale alipokuwa, nikamfuta kidogo na pindo la kanga, nikakaa kwenye stuli yangu. Nikavuta ugoro kidogo mshipa utulie.

Jamani, nilijiona mjanja! Nikasema moyoni, wewe mama hukwenda shule lakini una akili.

Nasieku akatoka na maboksi mawili, vumbi puani. Dokta akarudi. Akasimama mbele ya meza. Akainama. Akamwangalia yule wa bluu muda mrefu.

"Ajabu," akasema na kile kisauti. "Nimemwangalia asubuhi yote. Sasa hivi kama... kama ananisikiliza. Nimeamua. Namchukua huyu."

Moyo wangu ukashuka mpaka kwenye ndala. Kwake atamfuta vumbi, ataona gundi, atarudi hapa na hasira! Nikaruka: "Usimchukue huyo!"

Wakanigeukia wote wawili.

"Huyo... wale wanyamavu sana wana mambo yao. Chukua mwekundu. Mwekundu mdomo wazi, siri hana, unajua anachowaza."

"Koko," Nasieku akasema kwa meno, "si ulisema mwekundu hatalaza watu?"

"Nilisema nikiwa na njaa."

"Na kaptula?"

"Mwezi wa saba umeshapita! Miguu yenyewe mizuri, ona ilivyosimama!"

Kadiri nilivyomsifu mwekundu, ndivyo Dokta alivyozidi kumkumbatia wa bluu kwa macho. Watu hawa wa mifugo, ukimsifia ng'ombe sana wanajua ana kasoro.

"Nachukua wa bluu," akasema. "Dada Nasieku, naomba ile sura yake ya pili."

Nikasema, sura ya pili?

Nasieku akafungua boksi, akatoa kimfuko cha plastiki. Ndani kuna kichwa! Kingine! Nywele za bluu zile zile, lakini hiki kinaangalia juu, kinatabasamu. Na sauti ya dukani ikarudi: "Ndiyo koko, huyu ana sura mbiili. Kichwa kinatoka, unabadilisha. Ukitaka ainame, ukitaka akuangalie, ni weewe tu."

Kumbe kilitoka kwa sababu kimetengenezwa kitoke! Ningekirudisha tu, tek, kimekwisha! Na Kivuyo alisema! Mtu kaniambia kabisa, na miwani kavaa!

Dokta akashika kichwa kwa vidole viwili. Akavuta. Akazungusha kidogo. Akavuta. Akavua koti. Akashika kwa ule mkono wa kutolea ndama, taratibu, ameuma ulimi. Wapi. Gundi ya Mzee Kivuyo haijui dokta.

Akamweka mezani. Halafu akasema, na hakupandisha sauti, afadhali angepandisha: "Dada Nasieku. Orijino kichwa kinatoka. Wanaotengenezwa kipande kimoja ni feki."

"Dokta, siyo feki, hapana..."

"Na shingo ona, imepinda. Kiwanda chenyewe hawawezi kumtoa hivi." Akavaa koti lake. "Mimi nimewaambia watu waje hapa. Sasa nitawaambia nini?"

Hapo hapo, nani anaingia? Mama Glori, na mfuko wa parachichi. Akasikia hilo neno feki, parachichi zikakaa chini zenyewe.

"Feki? Yesu-na-Maria-feki-dukani-kwangu? Nasieku-hizi-sanamu-nimezipokea-mwenyewe-kwa-mikono-yangu-zilikuwa-nzima-umeleta-nini-humu-umebadilisha-nini-umempa-nani-ile-yangu?"

"Mama, sijabadilisha. Jana nilimfuta vumbi, kichwa kilikuwa kinatoka. Sijui. Sijui imekuwaje." Hakuna sauti ya dukani, hakuna ya mbuzi. Sauti ya Nasieku wa darasa la kwanza, siku aliyopoteza kiatu.

Mama Glori akamwangalia. Na kwa mara ya kwanza tangu nimjue, akaongea polepole. "Nasieku. Weka ufunguo mezani."

Mtoto akapeleka mikono shingoni kufungua kamba ya ufunguo. Hakulia. Alikuwa anahangaika na fundo.

Nawaambia ukweli, hapo ningeweza kunyamaza. Nani angemdhania bibi mwenye bakuli la loshoro? Hakuna aliyekuwa ananiangalia hata kidogo. Lakini lile fundo lilikuwa halifunguki, na yeye anazidi kulivuta.

Nikasimama. "Mwache. Ni mimi."

"Wewe bibi? Umefanya nini?"

"Nilimsalimia."

Mama Glori akanisogelea.

"Ulimsalimia nani?"

Nikaonyesha kwa mdomo. "Huyo."

"Sanamu?"

"Aliinamisha kichwa!"

Mama Glori kwao Rombo, hizi salamu zetu hazijui. Akabaki anamwangalia Nasieku amtafsirie. Lakini Dokta! Dokta si wa Oldonyo Sambu? Alielewa hapo hapo. Akageukia ukutani. Nikaona mabega yanatikisika. Nikasema, masikini, mtu mzima analia. Kumbe analia nini! Kajiziba mdomo na tai!

"Mtoto kainamisha kichwa mbele yangu," nikamweleza Mama Glori, "ningemwachaje? Nikamgusa. Kikatoka. Nikadhani nimemvunja. Nikampeleka chini akatiwe gundi."

"Gundi? Na nani?"

Ikabidi Mzee Kivuyo aitwe. Akapanda ngazi anakohoa, sindano ya kushonea viatu mkononi. Akakuta watu tumezunguka kazi yake, tunaiangalia. Akadhani anasifiwa! Akajiweka sawa kofia: "Hiyo msiwe na wasiwasi. Nimeweka ile ya buti. Hata mvua ya masika haing'oi."

Dokta akatoa mlio ambao sijausikia tangu punda wetu afe.

"Na kijipini nilikiona," Kivuyo akaendelea, hajui anachokifanya. "Nilimwambia huyu mama, hii kitu imetengenezwa itoke. Akaniuliza kama changu kinatoka."

Hapo hata Mama Glori akashindwa. Alikaa juu ya boksi. Nasieku akaficha uso kwenye mikono, na mimi sikujua chini ya ile mikono kuna kicheko au kilio, mpaka akapiga chafya na kucheka kwa pamoja. Mzee Kivuyo na yeye akacheka, bila kujua kwa nini. Mimi peke yangu ndiye nimesimama katikati kama mwizi wa kuku, kanga mkononi, ugoro puani.

Dokta alipopata pumzi akamchukua wa bluu, akamnusa shingo. "Kweli. Ananukia soli." Akavaa miwani, akamgeuza miguu, akakagua alama zao wanazozijua wenyewe. "Ni orijino. Mama Glori, nisamehe. Dada Nasieku, na wewe nisamehe sana, nimekusemea vibaya. Watu wangu nitawaambia vizuri."

"Basi mchukue," nikasema, nikidhani nimesamehewa na mimi.

"Hapana, koko. Nachukua mwekundu."

"Kwa ajili ya miguu?"

"Kwa sababu kichwa kakiinua juu. Siku ukija kunitembelea, tutakuwa salama."

Akafungiwa mwekundu wake, na mdomo wake wazi, kwenye boksi lenye kona nzuri. Mlangoni akageuka, akaanza kuinamisha kichwa kuniaga. Akasita. Akakishika kwanza kwa mikono miwili! (Dokta mzima! Mbele ya watu!) Nikakigusa hivyo hivyo.

Mama Glori akafuta machozi, akaokota parachichi zake. Nikangoja. Nasieku akangoja, kamba bado iko shingoni, lile fundo hakulifungua.

"Nasieku-mwanangu-mimi-sina-maneno-mengi," akasema, na hapo nikajua mambo yametengemaa, maana spidi imerudi. "Kazi-ni-yako-kesho-asubuhi-uje-ufungue-duka." Halafu akanitazama mimi, akapunguza mwendo. "Na uje peke yako."

Yule wa bluu hauziki tena. Mama Glori kamweka pale mlangoni kwenye kimeza, kapiga magoti na kale kashingo kake, anasikiliza kila anayepita. Halafu akachana kipande cha boksi, akaandika kitu kwa kalamu nene, akakiegemeza mbele ya magoti yake. Nikamuuliza Nasieku, kimeandikwa nini? Akasoma kwa sauti ya dukani: "Kaaribuni sana bibi zeetu."

Nikafurahi. Nikasema kumbe huyu mama ana moyo mzuri. Nikakaa pale kidogo namalizia loshoro iliyobaki. Sasa mbona kila anayepanda ngazi anasoma, halafu ananiangalia mimi, halafu anaweka mikono mfukoni?

Ninyi mliokwenda shule, mkipita pale mkakisoma, kaeni nacho moyoni, msije kuniambia. Na msicheke. Naanza kuwasikia.